Unywele wa Chuma

Uwanja wa maseremala ulikuwa nyuma ya ghala kuukuu, na kila aliyeingia na chombo butu alionyeshwa kona moja tu, penye kibanda cha bati kilichoinamia upande mmoja kama mtu anayetega sikio. Hapo ndipo alipokaa Wembe. Jina alilopewa na wazazi wake lilikuwa limebaki kwenye kitambulisho. Uwanjani alikuwa Wembe, kwa majirani alikuwa Wembe, na hata muuguzi wa zahanati alimwita Wembe kwanza, ndipo akaanza kuhangaika kutafuta kadi yake.

Meza yake ilikuwa gogo zito lililochongwa bapa juu. Hapo yalipangwa mawe ya kunolea, kuanzia lile la kukwaruza hadi lile laini linaloteleza kama sabuni, na pembeni kopo la maji lenye kutu mdomoni. Tupa za kunolea misumeno alizifunga moja moja kwa vitambaa, zisigusane zikaumizana. Hakuwa seremala, na hakujifanya seremala.

"Mimi hata kigoda sijui kuunda," alizoea kusema. "Kazi yangu ni kuwafanya ninyi muonekane mnajua."

"Na kazi yetu ni kukufanya wewe uonekane una kazi," alidakia Kipara kutoka benchi la jirani. Kipara alikuwa fundi wa viti, na mdomo wake haukujua likizo.

Lakini mbali na utani, makali ya Wembe hayakuwa na mpinzani. Patasi iliyotoka mikononi mwake iliingia kwenye mti bila kelele. Kisu cha randa alichokinoa kilitoa maranda marefu, membamba, unaweza kuona jua kupitia ndani yake. Watu walitoka mitaa ya mbali, wakapita mashine za kunolea za umeme zilizokuwa zikitoa cheche barabarani, wakaja hadi kwenye lile gogo.

Sharti lake lilikuwa moja. Chombo hakitoki siku hiyo hiyo. Jioni alivikusanya vyote kwenye gunia, akaenda navyo nyumbani, asubuhi akavirudisha.

"Chuma lazima kilale," alieleza kwa uso mkavu. "Kikitoka kwenye jiwe kina hasira."

"Basi kinunulie na shuka!" Kipara alipiga kelele, na uwanja mzima ukaangua kicheko.

Aliyemsifu kuliko wote alikuwa Fundi Milango, kaka wa mke wake. Alikuwa mtu mkubwa, mpole, mwenye vumbi la mbao hadi kwenye kope, na kwa kuwa walikuwa mashemeji utani wao ulikuwa wa kila siku kama salamu. Mteja akija, Fundi Milango alimvuta hadi kwenye kibanda, akakishika kiganja cha Wembe na kukiinua juu.

"Huyu nilimpa dada yangu kwa sababu ya mikono hii. Sura mnaiona wenyewe, haihitaji maelezo. Nilimpa kwa sababu ya mikono."

Watu walicheka. Wembe naye alicheka, ila alikirudisha kiganja chake upesi, kama mtu aliyeshikwa na kitu kisicho chake.

Kwa maana mikono ile ilikuwa imekufa ganzi.

Asiyewahi kunoa hudhani makali yanaonekana kwa macho. Hayaonekani. Unasugua ubapa wa chuma kwenye jiwe, unasugua, na unapofika mwisho kabisa, upande wa pili wa ukingo unachomoza unywele mwembamba wa chuma ambao jicho haliuoni. Unaupapasa kwa kidole gumba. Ukiusikia umejitokeza kutoka kona hadi kona, acha; geuza, uondoe unywele wenyewe taratibu, kazi imekwisha. Usipousikia, hujui ulipo. Ukiacha mapema, chombo kinabaki butu. Ukichelewa, unamwaga chuma cha mwenzio kwenye maji ya kopo, chembe kwa chembe, bila faida yoyote. Elimu yote ya mnoaji imo kwenye ngozi ya kile kidole.

Ganzi ilianza ncha za vidole, ikapanda. Kwenye zahanati wakamwambia ni sukari, imeshambulia mishipa ya fahamu, apunguze hiki na kile na atumie vidonge. Kuhusu vidole hawakumwahidi kitu. Akarudi nyumbani, akakaa kizingitini na patasi ya mteja, akaipapasa na kuipapasa tena.

Mke wake alikuwa kando, akishona kifungo cha shati. Akamtazama kwa jicho la pembe.

"Mbona unaipapasa kama mtu anayetafuta ufunguo ndani ya mkoba wa mwenzake?"

"Hamna kitu."

"Leta hapa."

"Utajikata, mama."

"Leta, nimesema."

Aliichukua, akapitisha kidole gumba mara moja, mwepesi kama anafuta machozi ya mtoto. "Umetoka upande wa kulia tu," alisema. "Kushoto hujafika. Unaegemeza mkono."

Wembe alipigwa na butwaa. "Wewe umejuaje?"

"Nimejuaje nini? Baba yangu hakuwa seremala? Nilipokuwa mdogo nilikuwa nakaa chini ya benchi lake. Ananishushia patasi, 'Mwanangu, imefika?' Nikisema bado, ananoa tena. Hakuwa akiamini kidole cha mtu mwingine. Halafu nikavunja ungo, shangazi zangu wakasema karakana si mahali pa msichana, wakamwita kaka kutoka kwenye mpira wake huko, akapewa benchi."

"Kwa hiyo kaka yako ndiye aliyejifunza haya."

"Kaka yangu anajua milango," alisema mkewe, akaukata uzi kwa meno.

Tangu siku hiyo kazi ikawa na watu wawili. Kila jioni, kabla mwanga haujaisha, Wembe aliweka jiwe juu ya ndoo iliyofudikizwa, akasukuma na kuvuta. Mke alikaa ngazi ya juu yake. Baada ya kila mizunguko kadhaa alinyoosha mkono, akapapasa.

"Bado."

Wembe alisugua.

"Bado. Hapa katikati pana pengo. Bado kidogo. Haya, basi."

Nguvu zilikuwa za Wembe, na pembe ya kulaza chombo ilikuwa ya Wembe; hilo hakunyang'anywa. Lakini neno lile, "basi," ndilo lililotenganisha makali na upuuzi, na lilitoka kinywani mwa mtu ambaye uwanjani walimjua kama mama wa chai. Maana mchana alipita na birika kumpelekea mumewe, na maseremala walimpisha, wakamwamkia vizuri, wakamwomba kikombe. Wakati mwingine Kipara alimsimulia, kwa ishara nyingi, jinsi kisu chake cha randa kilivyonyoa kama hewa. "Una mume, mama! Umeolewa na fundi!" Naye alijibu, "Nashukuru, baba," akamimina chai.

Jioni moja Wembe akasema, "Kesho nawaambia."

"Uwaambie nini?"

"Kwamba ni wewe."

Mkewe alicheka hadi akajishika ubavu. "Waambie makali yao wamepimiwa na mwanamke, uone. Keshokutwa utakuwa unanoa visu vya vitunguu. Nyamaza, mzee, tule."

Alicheka kwa mdomo. Macho yake yalibaki kwenye ile patasi.

Hivyo ndivyo walivyoishi, miaka, kwa uongo mdogo wa chuma kinacholala. Uongo haukumdhuru mteja yeyote. Ulimla mtu mmoja tu, na huyo mmoja hakulalamika, na kutolalamika kwake ndiko walikokuja kukuita tabia njema.

Mke wa Wembe alikufa kwa ugonjwa wa kifua, upesi kuliko walivyodhani. Binti yao, aliyekuwa akifanya kazi ya ushonaji upande wa pili wa mji, alifika akamkuta bado ana fahamu. Kufikia asubuhi hakuwa nazo tena. Maseremala walikuja msibani wote, wamenawa, wamevaa mashati yao mazuri, vumbi likiwa limebaki masikioni tu. Fundi Milango alisimama kusema machache kwa niaba ya familia.

"Dada yangu alikuwa mpole," alisema, akarudia. "Mpole. Mcha Mungu. Mkarimu. Hakuna aliyepita mlangoni kwake akaondoka na kiu. Hakuwahi kumpandishia mtu sauti."

Watu wakaitikia. Kila neno lilikuwa kweli, na hapo ndipo palipouma. Maisha mazima ya mtu yakafungwa ndani ya birika la chai na upole, yakafunikwa. Waliokuwa wakibeba mifukoni mwao makali ya kidole chake walikuwa wameketi hapo hapo, wakitikisa vichwa, na hakuna aliyejua kwamba anamzika fundi.

Wembe alijua. Alikuwa amekaa kwenye kiti cha plastiki, mikono imelala mapajani kama ya mtu mwingine, na alijua kwamba huo ndio wakati. Maneno yalikuwa tayari. Akifungua mdomo, kibanda kinakwenda, gogo linakwenda, na jina lenyewe la Wembe linakwenda. Akayameza. Watu walimwona akimeza wakadhani ni kilio.

Aliporudi kazini alijaribu kila njia. Binti yake alikuja jioni kadhaa, akakaa kwenye ngazi ile ile, akapapasa patasi kwa hofu.

"Unasikia kitu?"

"Nasikia chuma, baba."

"Unywele. Kama uzi uliolegea kwenye pindo."

"Nasikia chuma tu. Nisamehe, baba." Akarudisha patasi, akaingia ndani kuosha vyombo, maji yakamwagika muda mrefu kuliko vyombo vilivyokuwepo.

Ikabidi Wembe anoe kwa kukisia. Na kwa kuwa aliogopa aibu ya kurudisha chombo butu, alikosea upande ule mwingine: alipitiliza. Alisugua hadi alipodhani imefika, kisha akasugua kwa ajili ya kuhakikisha, kisha akasugua kwa ajili ya woga. Makali yalikuwepo. Ukiyajaribu kwenye nywele za mkono, zilinyoleka. Lakini kunyoa kunaonyesha kwamba makali yapo tu. Hakuonyeshi umeteketeza chuma kiasi gani kuyafikia. Maji ya kopo yakawa meusi kama wino.

Wa kwanza kugundua alikuwa Kipara.

"Wembe, bwana! Patasi yangu ilikuwa na miguu ya korongo, sasa ina miguu ya bata. Unanoa au unakula?"

Watu walicheka. Mmoja akaongeza kwamba hata kisu cha randa yake siku hizi hakifiki nje, lazima akivute kama anang'oa jino.

"Mwacheni," alisema Fundi Milango, akikunja uso. "Mtu ana msiba. Huzuni inamkandamiza mkono."

Wakarudi kwenye mabenchi yao. Wembe akainamisha kichwa. Tangu siku hiyo msiba ukawa mwavuli wake: kila alipoharibu, walisema ni huzuni, na yeye akajificha chini ya jina la marehemu kama alivyojificha nyuma ya kidole chake alipokuwa hai. Alijichukia, lakini kesho yake alipokea vyombo vingine.

Ndipo Fundi Milango alipoleta patasi ya baba.

Ilikuwa patasi pana, nzito, ya wahunzi wa zamani. Wahunzi wale hawakuwa na chuma kigumu cha kuchezea. Mwili wa patasi waliufua kwa chuma laini, na mbele tu, kwenye ukingo, wakaunga kipande cha chuma kigumu. Uhai wote wa chombo ulikuwa kwenye kipande hicho. Baba alikuwa ameitumia maisha yake yote, mwanawe akaendelea, na kipande kigumu kilikuwa kimebaki chembamba kama ukucha. Fundi Milango hakuitoa hovyo. Aliitoa sasa kwa sababu alikuwa amepewa kazi kubwa kuliko zote alizowahi kupewa, mlango wa mbele wa maktaba mpya, mbao ngumu tupu.

"Tundu la kitasa nitalichimba kwa hii," alisema. "Nataka mkono wa baba uwemo. Iguse kidogo tu, shemeji. Wewe tu ndiye ninayekuamini nayo."

Angekataa. Alikuwa na nafasi nzima ya kukataa. Akasema, "Acha hapo."

Jioni alikaa mbele ya ndoo. Macho yake hayakuona tena mstari ambapo chuma kigumu kinakutana na laini. Alisukuma, akavuta, akasimama, akanyoosha patasi juu kuelekea ngazi iliyo tupu, kwa mazoea ya mwili usiojua kwamba mtu amefariki. Hakuna aliyeipokea. Akairudisha kwenye jiwe akasugua tena, na tena, akisubiri kuambiwa basi.

Asubuhi Fundi Milango aliipokea kwa mikono miwili. Akaiweka juu ya ubao wa mlango, akainua nyundo ya mbao, akagonga. Sauti ilikuwa nzito, mbaya. Akaitazama ncha: makali yalikuwa yamejikunja kama jani la chai. Akageuza, akagonga tena, yakajikunja upande wa pili. Akaisogeza karibu na jicho, kwenye jua, akautafuta ule mstari. Haukuwepo. Kipande kigumu kilikuwa kimekwisha chote.

Alivuka uwanja taratibu. Misumeno ilinyamaza mmoja baada ya mwingine.

"Shemeji," alisema. "Chuma cha baba kiko wapi?"

Wembe alitazama kopo la maji meusi.

Kipara alifungua mdomo apooze mambo kwa utani, akaghairi. Akanong'ona, "Ni msiba, kaka. Unajua hali yake."

Fundi Milango aliishusha ile patasi. "Sawa," alisema. "Ni msiba. Dada yangu amekufa, huyu amechanganyikiwa, patasi imekwenda. Tutasema ni msiba, yaishe."

Mlango wa kutokea ulikuwa umefunguliwa wazi. Wembe alihitaji tu kutikisa kichwa, na angebaki fundi aliyevunjwa na mapenzi, hadithi tamu ya kusimuliwa benchini. Aliwatazama watu wale waliomheshimu, akaona jinsi ilivyo rahisi. Akapiga moyo konde.

"Si msiba," alisema. "Mikono yangu haisikii. Ilikufa zamani, kabla yake. Aliyekuwa akisikia unywele ni yeye. Mimi nilisugua tu. Kila chombo mlichonisifia, yeye ndiye aliyesema kimefika."

Mtu nyuma akaguna, na Kipara akacheka kicheko cha huruma. "Jamani, mpelekeni mzee akapumzike. Yule mama? Aliyekuwa akituletea chai?"

"Huyo huyo."

"Wembe, tunampenda marehemu sote, lakini usitutilie chumvi."

Wakamgeukia Fundi Milango wacheke pamoja. Yeye hakuwa akicheka. Alikuwa ameishika ile patasi kifuani, akitazama mbali, na midomo yake ikicheza kama ya mtoto anayejifunza kusoma.

"Alikuwa anakaa chini ya benchi la baba," alisema polepole. "Baba alikuwa anamshushia patasi. Mimi nilidhani wanacheza."

Akamgeukia Wembe.

"Kwa nini hamkuniambia?"

"Alikataa," Wembe alisema.

"Mimi ni kaka yake! Tumbo moja!"

"Ndiyo maana alikataa. Wengine hakuwajali sana. Alisema ukijua ni mkono wake utacheka kwanza, halafu hutaleta tena chombo. Alisema anataka aendelee kushika vyombo vya baba yake, hata kama ni kwa kificho."

Fundi Milango alifungua mdomo akane. Uwanja mzima ulimsubiri akane. Ingekuwa jambo la heshima kukana mbele ya watu, na dada yake angebaki amesingiziwa tu. Lakini alikuwa mtu mkweli, na ukweli wake ulichelewa kufika kama daktari anayeingia watu wakitoka.

"Ningecheka," alisema. Machozi yalichora mistari miwili kwenye vumbi la mashavu yake. "Wallahi ningecheka, shemeji. Na nisingeleta."

Alirudi kwenye benchi lake. Mmoja mmoja, maseremala walisogea kwenye gogo, wakachukua vyombo vyao bila kumtazama Wembe usoni. Hawakumtukana, afadhali wangemtukana. Kipara alichukua randa yake, akasimama kidogo, akasema, "Mungu amlaze pema," akaondoka haraka. Meza ikabaki na mawe tu.

Wembe alikuwa akifunga mawe kwenye gunia aliposikia anaitwa.

"Shemeji! Njoo ushike hapa. Ubao unahama."

Fundi Milango alikuwa amechukua patasi nyingine, ya dukani, isiyojua kunolewa, na alikuwa ameanza kulichimba tundu la kitasa kwa nguvu za mabega.

"Vidole vyangu havisikii kitu," Wembe alisema.

"Sijakuambia usikie. Nimekuambia ushike."

Akaenda. Akauegemea ubao ule mgumu kwa viganja vyote viwili, kwa uzito wake wote, uso karibu ugusane na wa shemeji yake. Fundi Milango akagonga. Patasi iliteleza, ikang'oa kibanzi kikubwa pembeni ya tundu, mahali ambapo kila atakayeingia maktaba ataona. Hakusimama kuziba. Aligonga tena, na Wembe akashika.